Matanga ya Godoro

Hai Cinema, Juba
Jumanne asubuhi

Mama yangu mpendwa,

Goti linasemaje na baridi ya Kitale? Na zile dawa unazimeza, au bado unazificha chini ya mto ukingoja Wani asahau kuuliza? Mimi mwili ni mzima. Joto la huku limenikausha, lakini malaria imenipita mwezi huu, kwa hiyo majirani wakiuliza waambie Poni hajambo. Roho ndiyo imechafuka, na ndiyo sababu nimeshika kalamu.

Naandika kwa mkono kwa sababu kwenye simu utanikatiza. Nitasema sentensi moja, utasema "Yesu wangu!", utamwita Wani aje asikilize, nami nitaanza kulia na salio litaisha. Barasa, yule dereva wa lori la vitunguu, yuko soko la Custom anashusha mzigo na kesho anageuza kurudi Kitale. Amekubali kukuletea barua hii mkononi. Mpe chai, lakini usimsomee.

Nianze na habari yenyewe ili usiitafute huko chini. Wale akina mama wa jumuiya uliowaalika Jumapili kutazama kipindi changu kwenye simu ya Wani, waambie wasije. Kipindi kitaonyeshwa, lakini jina langu halimo. Ijumaa nilifukuzwa kazi. Na kabla hujauliza, ndiyo, nilikosa, ila kosa nililofanya silo nililofukuziwa.

Unajua nilikopita na kazi hii. Nairobi nilianza kama msichana wa kutoa kopi za skripti kwenye ule mchezo wa jioni uliokuwa ukiutazama kwa Mama Naliaka. Halafu wakanipa nimwandikie maneno yule mfanyakazi wa nyumbani, kwa sababu waliamini mtoto wa mkimbizi lazima ajue wafanyakazi wa nyumbani huongeaje. Ulikuwa unamcheka mpaka unashika mbavu, na mwishoni linapita jina la bwana mmoja aliyekuja ofisini mara mbili kwa wiki kutia sahihi. Miaka saba, Mama. Nikaandika kipindi cha watoto, kikafa kabla ya kurushwa. Nikatayarisha kipindi cha mapishi ambacho nyama ilipakwa mafuta ya gari ili ing'ae, na mpishi akafumba macho akasema ni tamu. Kisha akaja mwingine aliyetaka filamu ya maisha ya kambini. Nilimwandikia kila nilichokumbuka kutoka Kakuma. Akasoma, akasema ni nzuri sana, ila nzi hawatoshi. Nzi! Siku hiyo nilioga mara mbili.

Kwa hiyo Ezra aliponipigia kutoka Juba, niliruka. Ezra ni mtoto wa wakimbizi kama mimi, kalelewa Nakuru akarudi Juba, na ana kampuni yake hapa inayotengeneza michezo ya televisheni kwa pesa za wafadhili. Aliniambia nitakuwa mwandishi na mtayarishaji, vyote viwili, na jina langu litasimama peke yake kwenye kioo. Wewe mwenyewe ulipiga vigelegele kwenye simu.

Kumbe nimekuja kuuza sabuni. Kila sehemu ya mchezo lazima iwe na kile wanachokiita ujumbe. Hii ya kunawa mikono, ile ya chandarua, nyingine ya kupendana na jirani. Nimewahi kurudishiwa skripti imeandikwa pembeni kwamba mlevi atubu mapema zaidi, na anapotubu awe ameshika chandarua. Nikaandika hivyo hivyo. Nilimtia chandarua mkononi, akatubu, na watu wenye shahada zao wakaniandikia kunipongeza. Nilikuwa nikisoma pongezi zile, halafu nafungua skripti inayofuata.

Sehemu ya sita ilikuwa yangu. Niliipenyeza, sijui waliipitishaje, nadhani walichoka. Mama anafiwa na mwanawe, na watu wa mtaa wanakuja kumlilia. Hakuna sabuni, hakuna chandarua. Niliandika ule msiba mara kumi na moja, nikawa nausoma kwa sauti chumbani peke yangu.

Sasa sikiliza nilivyoharibu. Kamera hapa Juba si kitu cha kutoa mfukoni barabarani. Ukionekana nayo huna karatasi, utaeleza mpaka koo likauke. Kwa hiyo wiki tatu nzima nilizunguka ofisi nikitafuta mihuri. Nikapata minne, nikatoa nakala, nikazigawa kila kona. Nilimwarifu kila mwenye muhuri na kila mwenye bunduki. Akina mama wa mtaa sikuwaarifu.

Tulipiga picha kwenye ua uliopangishwa, nyumba ya tatu kutoka ninapolala. Asubuhi tulifunga turubai la bluu mbele ya geti, tukapanga viti vya plastiki vya wanaume, tukatandika mikeka ya wanawake. Ndani tuliweka kitanda cha kamba, na juu yake godoro lililokunjwa na kufungwa shuka nyeupe, kwa sababu hakuna mwigizaji aliyekubali kulala chali afunikwe. Mmoja aliniambia mama yake akimwona hivyo atamlaani. Basi marehemu akawa godoro. Wanawake wanne tuliowaajiri wakaanza kulia, na Mama, walilia vizuri mno.

Matanga huku wanaita bika. Na kwenye bika mtu haulizi getini nani amefariki. Unasikia kilio, unaacha ulichoshika, unakuja, unaingia ukilia, jina utaliuliza baadaye. Hata wewe hapo Kitale usingefanya tofauti. Nilijua haya yote. Akili ilikuwa kwenye mihuri.

Wakaanza kuingia. Wawili, watano, kumi, wamejifunga vitambaa vyao vya lawo begani, huyu na pakiti ya majani ya chai, huyu na jerikeni la maji kichwani, mwingine na kopo la sukari. Wazee wakakaa kwenye viti wakainamisha vichwa. Dada wetu wa mavazi alidhani ni waigizaji wa ziada, akaanza kuwapanga kwa rangi za nguo! Lakini Opio, mpiga kamera wetu, Mganda wa Arua, aligundua mapema. Alinigeukia, jicho moja bado liko kwenye mashine.

"Madam, hii watu si yetu," akaninong'oneza. "Hii iko nalia kweli. Nazima?"

Nilimwonyesha kidole, nikakizungusha. Endelea.

Hilo ndilo kosa langu. Kusahau ni kusahau, mtu husamehewa. Lakini nilikwisha kujua, nikazungusha kidole, kwa sababu ilikuwa inapendeza kwenye kioo.

Mbele ya wote alikuwa Mama Kiden. Huyu ndiye muuza chai aliye chini ya ukuta wa nyumba ninayopanga. Miezi minane nimekunywa chai yake kila asubuhi, tangawizi nyingi, sukari kidogo. Aliingia akajitupa chini akaita, "Ya jena tai! Tombe! Jena tai!" Ee mwanangu, Tombe, mwanangu. Godoro letu kwenye skripti liliitwa Lado. Nilisikia jina si lenyewe, na unajua niliwaza nini? Niliwaza kwamba sauti ile hakuna mwigizaji wa kunipa.

Akatambaa hadi kitandani kushika miguu ya marehemu, kama wanavyofanya wazee wa kwetu. Mkono ukazama. Akabonyeza tena, polepole, akapapasa kutoka chini hadi juu. Kisha akainua uso, akatazama kamera moja kwa moja, machozi bado yanamtiririka, mdomo wazi. Alikaa hivyo muda mrefu. Opio hakuzima, kwa kuwa sikumwambia azime.

Mama Kiden alisimama, akafunga lawo yake vizuri, akawaambia wenzake kwa sauti ndogo, "Mafi maiti. Ni godoro." Hakuna maiti. Vilio vikafa kimoja kimoja, cha mwisho kikiwa cha waigizaji wetu, ambao walikuwa bado wanangoja niwaambie basi. Hakuna aliyetukana. Ningefurahi kutukanwa. Mzee mmoja alinyanyuka kitini akanitazama juu mpaka chini.

"Nyinyi watu ya wapi?" akaniuliza, kisha akatoka bila kungoja jibu.

Waliondoka, vitu vyao wakaviacha. Tulikuwa na kiu na maji yalikuwa pale, majani pale, sukari pale. Mtu akawasha jiko. Timu yangu ikanywa chai iliyoletwa kwa ajili ya godoro, na mimi mtayarishaji nikapewa kikombe cha kwanza. Nilikunywa, Mama. Nilikimaliza.

Kesho yake nikamkuta Ezra ofisini ameketi mbele ya kioo, anarudisha uso wa Mama Kiden nyuma na mbele, nyuma na mbele, huku anakoroga chai. Kando ya kikombe kulikuwa na lile kopo la sukari lililoletwa msibani. Vijiko vitatu, kama kawaida yake, akalamba kijiko.

"Poni, umeua!" akasema. "Hii sura! Hii tunaweka kwa tangazo, tunaanza nayo, hakuna muziki, hakuna nini. Wafadhili watalia."

Nilimwambia yule si mwigizaji, na hakujua kama anapigwa picha. Akasema ndiyo maana ni nzuri. Nikamwangalia anakunywa sukari ya msiba na povu limeshika kwenye masharubu. Nikachukua kopo pale mezani, nikatoka nalo.

Mama Kiden alikuwa mahali pake, anapepea makaa. Aliponiona alinisogezea kile kigoda changu cha kila siku na kunimiminia chai kama kawaida, tangawizi nyingi, sukari kidogo. Hapo ndipo nilipotamani ardhi inimeze. Nikamwekea kopo miguuni.

"Mama, malesh," nikamwomba radhi.

"Hiyo rudisha," akasema, akalisukuma kwa ncha ya kidole. "Sukari ya bika hairudi kwa nyumba. Kunywa chai."

Nikamweleza kila kitu, mchezo, godoro, mihuri, hata kidole changu nilimweleza. Alisikiliza huku akiosha vikombe. Nilidhani hajali. Kisha akauliza, "Hiyo kitu inaonyeshwa lini?"

"Jumapili ya wiki ijayo."

"Na ile jina nilisema, nayo inasikika?"

"Inasikika, Mama."

Akaacha kuosha. Ndipo akaniambia habari za Tombe. Ni kitinda mimba wake. Miaka mitatu iliyopita aliondoka hapa bandarini na boti la mizigo kwenda Malakal, kibarua wa kubeba magunia. Boti lilirudi bila yeye. Wengine walisema alikufa kwa homa njiani wakamzika kando ya mto. Wengine walisema amehamia Renk, ana mke. Ndugu za baba yake walikaa wakaamua hakuna bika mpaka aje mtu aliyemzika kwa mikono yake aseme, "Ni mimi nilimzika." Hajaja mtu. Na kwao, mama akimlilia mwana aliye hai, amemfungia njia ya kurudi.

"Kwa nyumba yangu mimi silii," akasema. "Mimi nangoja watu wafe. Nikisikia bika, naenda, hapo nalia yangu. Nani atajua? Kila mama pale iko naita jina yake." Akapangusa mikono kwenye lawo. "Sasa hiyo televisheni ikitoa, ndugu za baba yake wote wataona. Watasema mama amemzika. Na yeye kama iko huko Renk, na aone? Mama yake amemzika mbele ya watu."

Aliyekuja kumlilia mtoto wake kwa siri, mimi nilikuwa nimemwekea kamera.

Nilirudi kwa Ezra mbio. Nilimweleza kwa utaratibu, kama ninavyokueleza wewe. Nilimwomba tuikate sehemu ya Mama Kiden yote, tubaki na waigizaji wetu. Alifikiri kidogo, akitazama dari, nami nikaanza kuwa na matumaini.

"Shida ni jina tu, si ndiyo?" akasema. "Hiyo ni rahisi. Tunabadilisha skripti, marehemu anaitwa Tombe. Inalingana kabisa."

Nilidhani anatania. Hakuwa anatania, alikuwa ameshachukua kalamu. Nikamwuliza kama ana mama. Akacheka, akasema, "Poni, kazi yetu ni kuliza watu. Huyu mama tumemfanya staa, mwambie ashukuru." Kisha akaniuliza sukari nimeipeleka wapi.

Nimefanya kazi na waongo na wezi wa majina, Mama, na nimewavumilia wote kwa sababu nilitaka siku moja niwe hapo walipo. Siku hiyo nilimwona mtu aliyefika, nikaona pia kwamba tofauti yangu naye ni masharubu tu. Mimi ndiye niliyezungusha kidole. Yeye alikoroga tu nilichompikia.

Picha zetu zilihifadhiwa kwenye diski mbili, na ufunguo wa kabati ni wa mtayarishaji. Alhamisi mchana Ezra alipoenda kula, nilifungua, nikafuta siku nzima ya matanga, ya waigizaji na ya waombolezaji wenyewe, diski ya kwanza na ya pili. Nikaketi nikakumbuka kadi ya kamera. Nikamfuata Opio nje, alikuwa anafuta lenzi. Kabla sijamaliza swali akaingiza mkono mfukoni.

"Hii nilikuwa nangoja tu uulize," akasema. "Mimi pia iko na mama."

Nikaifuta mbele yake. Ezra aliporudi nilimwambia mwenyewe, sikungoja agundue. Alipiga kelele mpaka walinzi wakaja. Ijumaa asubuhi nikapewa barua, nayo ina muhuri wa tano katika maisha yangu ya Juba. Jumapili utakaouona, ukiangalia, ni mchezo wake. Mwandishi Ezra, mtayarishaji Ezra. Opio amenipigia kuniambia walivyoziba pengo. Matanga hakuna. Jirani anakuja kumpa mama habari kwamba mwanawe amefariki, na kabla ya kumkumbatia, ananawa mikono kwa sabuni.

Nilicheka mpaka nikatapika. Kweli nilitapika, pale pale kwenye mlango wa choo.

Usiniombee nirudishwe. Najua utataka. Najua pia utaona aibu mbele ya akina mama wa jumuiya, baada ya kuwatangazia mpaka wengine wakaulizia nguo za kuvaa. Nisamehe kwa hilo. Miaka yote uliniuliza lini utaliona jina, na nilikuwa nimebakiza siku tisa. Inaniuma, sitakuficha. Nililia kwa ajili ya jina langu pia, na ninajichukia kwamba nililia zaidi kwa hilo kuliko kwa yule mama. Sijui kazi nitaipata wapi. Juba ni ndogo, na Ezra ana mdomo. Kodi ya chumba imelipwa hadi mwisho wa mwezi, baada ya hapo nitaona.

Nilienda kumwambia Mama Kiden kwamba imefutwa. "Kalas?" akaniuliza, yaani imekwisha kabisa? "Kalas," nikamjibu. Hakunishukuru, na hakupaswa. Alinimiminia chai, akageukia mteja mwingine.

Nisalimie Wani mdogo wangu, na umwambie aache kukukasirikia kuhusu dawa, akupe tu na akusimamie. Shangazi Keji, dada yake Baba, mwambie lile gauni alilonishonea ndilo nililovaa siku ya kufukuzwa na lilinisitiri. Mama Naliaka jirani, aliyetuachia televisheni yake miaka yote ile bila kununa, msalimie sana. Na Mjomba Pitia, kaka yako mkubwa, usimweleze habari hii mpaka nije mwenyewe, maana atapanda basi aje kumpiga mtu.

Ninakuomba kitu kimoja tu. Jumapili mkienda misa, andika jina Tombe kwenye ile karatasi ya maombi. Katekista atakuuliza amsome pamoja na wasafiri au pamoja na marehemu. Mwambie kwamba mama yake hajasema.

Ni mimi mwanao akupendaye,
Poni